Philip Ochieng: Mwandishi wa safu aliyewashtaki wenye magazeti

KATIKA historia ya magazeti nchini Kenya, ni majina machache yanayoweza kuwagawanya wasomaji kama jina la Philip Ochieng. Wapo wanaomkumbuka kama bingwa wa lugha ya Kiingereza aliyewakosoa mawaziri, maaskofu na hata wahariri wenzake pasi na woga. Wapo pia wasioweza kusahau kwamba kati ya mwaka wa 1988 na 1991 kalamu hiyo hiyo ilikitumikia chama cha KANU, wakati ambapo wapinzani wa serikali walikuwa wakitupwa vizuizini.

Makundi yote mawili yanasema kweli, na hapo ndipo ugumu wa kumhukumu mwandishi huyo unapoanzia. Ochieng, aliyefariki Aprili 2021, hakuwa kibaraka asiyejua alitendalo. Alikuwa msomi aliyechambua kwa kina jinsi wenye magazeti wanavyowatawala waandishi, kisha akaketi katika kiti cha mhariri mkuu wa gazeti lililomilikiwa na chama tawala.

Ili kuelewa mzozo unaolizunguka jina lake, yafaa kwanza kueleza safu ya maoni ni kitu gani. Habari ya kawaida hudai kusimulia jambo lilivyotokea. Mwandishi wake hujificha nyuma ya polisi, waziri au shahidi aliyenukuliwa. Safu huenda kinyume. Ina jina la mwandishi, mara nyingi picha yake ndogo, na siku yake maalumu katika juma. Msomaji haifungui ili kujua yaliyotokea jana, bali kumsikia mtu anayemfahamu akiyapa maana. Ndiyo sababu kuna watu ambao hununua gazeti zima kwa ajili ya ukurasa mmoja tu, na wengine ambao huufungua ukurasa huo wa kwanza ili wapate kukasirika.

Sheria nayo huitazama safu kwa jicho tofauti. Anayeshtakiwa kwa kumharibia mtu jina anaweza kujitetea kwamba alitoa maoni ya haki kuhusu jambo linalouhusu umma, mradi mambo aliyoyaegemeza maoni hayo yawe ya kweli. Mwandishi wa safu basi ana ruhusa ya kuwa mkali, ya kukosea katika hukumu yake, hata ya kuudhi. Asichoruhusiwa ni kubuni mambo.

Lakini ruhusa hiyo haina faida kubwa iwapo mwenye gazeti amekataa kuchapisha, au iwapo serikali inaweza kumtia mwandishi ndani pasi na kumfikisha mahakamani. Katika Kenya ya miaka ya 1980 vizingiti vyote viwili vilikuwepo. Ochieng alivijua akiwa upande wa anayefungiwa, na baadaye akiwa upande wa wenye funguo.

Alizaliwa mwaka wa 1938 huko Awendo, eneo ambalo leo limo katika Kaunti ya Migori. Alisomea Shule ya Upili ya Alliance katika miaka ambayo mwalimu mkuu alikuwa Carey Francis, Mwingereza aliyesifika kwa nidhamu kali na kwa imani kuwa shule hiyo iliandaa viongozi wa kesho. Kiingereza na Biblia vilifundishwa hapo kwa ukamilifu. Ochieng alivibeba vyote viwili maishani mwake, ingawa alikuja kuikana dini na kuigeuza Biblia kuwa ghala la mifano ya kuwashambulia wahubiri.

Mnamo Septemba 1959 alikuwa miongoni mwa vijana waliosafirishwa kwenda Marekani chini ya mpango wa Tom Mboya, uliofadhiliwa kwa michango ya Wamarekani wakiwemo mcheza besiboli Jackie Robinson, mwimbaji Harry Belafonte na mwigizaji Sidney Poitier. Ndege ya kwanza ilibeba wanafunzi 81. Ochieng alipelekwa Chuo Kikuu cha Roosevelt mjini Chicago. Rafiki yake wa miaka hiyo alikuwa Barack Obama mkubwa, na mwanawe rafiki huyo alipochaguliwa kuwa seneta wa Illinois mwaka wa 2004, Ochieng alikuwa miongoni mwa waandishi wachache wa Kenya walioweza kumsimulia baba yake kama mtu waliyemjua ana kwa ana.

Alijiunga na gazeti la Nation mwaka wa 1966. Shirika hilo, lililoanzishwa na Aga Khan, lilikuwa changa, na vyumba vya habari vya Nairobi vilikuwa ndio kwanza vianze kutoka mikononi mwa Wazungu. Mwafrika wa kwanza kuwa mhariri mkuu wa gazeti hilo, Hilary Ng'weno, alikuwa amekikalia kiti hicho mwaka wa 1964. Gazeti jingine kubwa, The Standard, ambalo asili yake ni gazeti lililoanzishwa na mfanyabiashara A. M. Jeevanjee mjini Mombasa mwaka wa 1902, lilinunuliwa mwaka wa 1967 na kampuni ya Lonrho kutoka Uingereza. Mwandishi kijana aliyetaka kuandika kuhusu uhuru wa Mwafrika alilipwa mshahara na mgeni, popote alipogeukia.

Jambo hilo lilimkera Ochieng, nalo ndilo lililokuja kuwa kiini cha maandishi yake.

Mwanzoni mwa miaka ya 1970 alivuka mpaka na kwenda Dar es Salaam. Wakati huo mji huo ulikuwa makao ya vyama vya ukombozi kutoka kusini mwa Afrika, na Chuo Kikuu chake kilikuwa na walimu kama vile Walter Rodney wa Guyana. Serikali ya Tanzania ilikuwa imelitaifisha gazeti la The Standard la nchini humo Februari 1970. Mwalimu Julius Nyerere aliahidi kwamba gazeti hilo lingeunga mkono siasa ya ujamaa, lakini lingekuwa na uhuru wa kuikosoa serikali katika utekelezaji wake.

Ahadi hiyo ilijaribiwa upesi. Mhariri aliyeteuliwa kuliongoza, Frene Ginwala wa Afrika Kusini, aliondolewa mwaka wa 1971 baada ya gazeti kumshutumu Rais Jaafar Nimeiri wa Sudan kwa kuwanyonga wakomunisti. Mwaka uliofuata gazeti hilo liliunganishwa na The Nationalist na kuwa Daily News, likiongozwa na Benjamin Mkapa, ambaye baadaye alikuwa Rais wa Tanzania kuanzia 1995 hadi 2005.

Ochieng aliandika huko safu katika toleo la Jumapili, Sunday News, kwa jina la 'The Way I See It', yaani 'nionavyo mimi'. Alikuwa Mkenya katika gazeti la dola ya Tanzania, akibishana kwa lugha ya Ki-Marx na watu waliojiita wajamaa kama yeye. Wasomaji wa Dar es Salaam walimwona kuwa mkali kupita kiasi, na kuna waliouliza mgeni huyu alipata wapi mamlaka ya kuwafundisha ujamaa wenyeji. Hata hivyo safu iliendelea kutoka. Yamkini ni hapo alipoamini kwamba gazeti la serikali laweza kuwa na uhai na ubishi ndani yake, alimradi waliolishika wawe na akili na dira. Kisa cha Ginwala kingeweza kumfundisha kinyume.

Aliporejea Nairobi, siasa za nchi zilikuwa zimechacha. Mwaka wa 1976 kundi la wanasiasa wenye ushawishi lilianza kampeni ya kubadilisha katiba ili Makamu wa Rais, Daniel arap Moi, asiweze kushika hatamu hata kwa muda iwapo Mzee Jomo Kenyatta angeaga dunia. Mwanasheria Mkuu Charles Njonjo aliizima kampeni hiyo kwa kuwakumbusha Wakenya kuwa kuwaza au kupanga kifo cha Rais ni kosa ambalo adhabu yake ni kifo. Kenyatta alifariki mjini Mombasa tarehe 22 Agosti 1978, na Moi akarithi kiti kwa amani.

Kisa hicho ndicho Ochieng na mwandishi mwenzake, Joseph Karimi, walichokisimulia katika kitabu The Kenyatta Succession, kilichochapishwa mwaka wa 1980. Kitabu kilizua mjadala mkubwa, hasa kwa madai yake kuhusu kikosi kilichoitwa Ngoroko, ambacho kilisemekana kuundwa ili kuwaua Moi na wenzake mara tu Kenyatta atakapofariki. Wakosoaji walisema kwamba kitabu hicho kilisimulia kisa kama walivyotaka kukisikia walioshinda. Ni lawama ambayo Ochieng alikuja kuisikia tena, kwa sauti kubwa zaidi.

Hata hivyo ukaribu na walioshinda haukumkinga. Mwaka wa 1981, wakati Jaramogi Oginga Odinga alipozuiwa kuwania kiti cha ubunge cha Bondo, Ochieng alikuwa miongoni mwa wahariri na waandishi wa Nation waliokamatwa na polisi kutokana na jinsi gazeti lilivyoishughulikia habari hiyo. Waliachiliwa baadaye. Mwaka mmoja baada ya hapo, Juni 1982, Bunge liliigeuza Kenya kuwa nchi ya chama kimoja kisheria kwa kuingiza kifungu cha 2A katika katiba.

Ni vyema kuukumbuka mkondo huo wa mambo, kwa sababu mtu aliyeingia Kenya Times mwaka wa 1988 hakuwa mgeni wa seli za polisi.

Gazeti hilo lilikuwa na historia fupi. Hilary Ng'weno alikuwa ameanzisha Nairobi Times, gazeti la Mwafrika mzalendo lisilo na mfadhili wa kigeni, lakini likamshinda kifedha. KANU ililinunua mwaka wa 1983 na kulibatiza Kenya Times. Kwa miaka kadhaa lilikuwa gazeti la hotuba na picha za viongozi, lisilosisimua yeyote. Mwaka wa 1988 chama kiliingia ubia na tajiri wa magazeti wa Uingereza, Robert Maxwell, mwenye Daily Mirror. Mitambo mipya ikaahidiwa, na Ochieng akaletwa kuwa mhariri mkuu.

Kejeli ya mambo ilikuwa bayana. Mtu aliyelalamikia ugeni wa Aga Khan na Lonrho alikubali kuajiriwa na chama kilichoshirikiana na tajiri wa London. Utetezi wa Ochieng ulikuwa kwamba hakuna gazeti lisilo na mwenyewe, na kwamba ni afadhali mwenyewe awe chama kilichochaguliwa na Waafrika kuliko mfanyabiashara wa ng'ambo anayetafuta faida. Ukiuchukua utetezi huo peke yake, una uzito. Ulianguka ulipokutana na kalenda.

Februari 1988 KANU iliteua wagombea wake wa ubunge kwa kura ya mlolongo, ambapo wapigakura walijipanga nyuma ya mgombea au wakala wake. Mahali pengi mlolongo mfupi ulitangazwa kuwa ndio mrefu. Jarida la Beyond, lililochapishwa na Baraza la Kitaifa la Makanisa, liliyafichua hayo, likapigwa marufuku, na mhariri wake Bedan Mbugua akashtakiwa. Mwaka wa 1989 ikawa zamu ya jarida la Finance. Mwaka huo huo Bunge liliwafungia milango waandishi wa Nation kwa miezi kadhaa. Mwaka wa 1990 ikawa zamu ya Nairobi Law Monthly la Gitobu Imanyara, ambaye alitiwa kizuizini. 'Chama kilichochaguliwa na Waafrika' kilikuwa kikifunga magazeti ya Waafrika, na gazeti la Ochieng lilikuwa la chama hicho.

Ndani ya miaka hiyo Kenya Times lilikuwa kali, limeandikwa vizuri kuliko lilivyowahi kuandikwa, na lilikuwa upande mmoja. Kiongozi wa dini aliyedai mageuzi alipata jibu humo. Kasisi Timothy Njoya alipotumia mahubiri ya Mwaka Mpya wa 1990 kusema kuwa upepo ulioziangusha serikali za Ulaya Mashariki ungefika Afrika, na Askofu Henry Okullu alipodai vyama vingi, gazeti la chama halikuwachukulia kama raia wenye hoja bali kama watu waliotumwa. Kenneth Matiba na Charles Rubia walitiwa kizuizini siku chache kabla ya mkutano wa Saba Saba, Julai 7, 1990. Watu waliuawa mitaani siku hizo. Safu ya maoni iliyoandikwa dhidi ya mtu aliyeko kizuizini si maoni ya kawaida. Aliyeshambuliwa hana gazeti la kujibia.

Hili ndilo jambo ambalo watetezi wa Ochieng hulipita haraka. Ukali wa mwandishi wa safu huhesabiwa kuwa ushujaa pale anayeshambuliwa anapoweza kumdhuru. Maneno yale yale, kwa sarufi ile ile safi, huwa kitu kingine yakielekezwa kwa mtu ambaye askari wamekwisha kumfuata.

Kisa cha jumba la Kenya Times kilifichua mengi zaidi. Mwaka wa 1989 ilibainika kwamba KANU na Maxwell walinuia kujenga jumba la ghorofa 60 katika bustani ya Uhuru Park, jijini Nairobi, liwe makao ya chama na gazeti lake. Profesa Wangari Maathai wa vuguvugu la Green Belt aliandika barua akiupinga mradi huo, wakala wa umma wakachukua kalamu zao wakamuunga mkono katika kurasa za barua za magazeti mengine. Alitukanwa Bungeni, na vuguvugu lake likafukuzwa katika ofisi lilizokuwa likitumia. Lakini wafadhili waliogopa, na kufikia mwaka wa 1992 mradi ulikuwa umeachwa. Maxwell mwenyewe alikuwa amekufa baharini karibu na visiwa vya Canary Novemba 1991, na ikagunduliwa kwamba alikuwa amechota pesa za pensheni za wafanyakazi wake. Mwezi uliofuata kifungu cha 2A kiliondolewa, na Kenya ikarudi katika mfumo wa vyama vingi.

Ochieng alikuwa tayari ameondoka Kenya Times. Mwaka wa 1992 alichapisha kitabu I Accuse the Press, yaani 'Navishtaki vyombo vya habari', ambacho bado ni mojawapo ya vitabu vyenye hoja nzito zaidi kuhusu uandishi wa habari katika eneo hili.

Mashtaka yake yalikuwa mengi, lakini yote yalirudi mahali pamoja. Kwamba uhuru wa vyombo vya habari, kama unavyohubiriwa, ni uhuru wa mwenye mtambo wa kuchapisha. Mwandishi ni mwajiriwa tu anayeuza ujuzi wake. Kwamba wahariri hujichuja wenyewe kabla hata serikali haijapiga simu, na kisha hujisifu kuwa wako huru. Kwamba waandishi wengi hawasomi, hawaijui historia, na huandika habari za uchumi bila kuelewa uchumi. Kwamba Nation na Standard zilizolilaumu Kenya Times kwa kutumikia chama hazikuwa zikiwaambia wasomaji zinamtumikia nani.

Ni hati ya mashtaka iliyopangwa kwa ustadi, na sehemu kubwa yake ni kweli. Kasoro yake ni kwamba mshtaki hakujiweka kizimbani pamoja na wenzake. Alieleza, akafafanua, akajitetea, lakini wasomaji waliotarajia kumsikia akisema kwamba gazeti lake liliwadhulumu watu fulani hawakuridhika. Kwake, kuomba msamaha kungekuwa kukubali kwamba magazeti mengine yalikuwa na haki ya kumnyooshea kidole.

Baada ya hapo alirudi katika Shirika la Nation, na ni katika kipindi hiki cha mwisho, kirefu kuliko vyote, ambapo kizazi kipya kilimjua. Safu yake ya Sunday Nation iliitwa 'The Fifth Columnist'. Jina hilo lataka maelezo, na Kiswahili kinalieleza vizuri kama Kiingereza chenyewe. Katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Uhispania, mwaka wa 1936, inasemekana Jenerali Emilio Mola alijigamba kwamba safu nne za askari wake ziliukaribia mji wa Madrid, na kwamba safu ya tano ilikuwa tayari imo mjini, yaani wafuasi wake waliojificha miongoni mwa wakazi. Tangu hapo 'mtu wa safu ya tano' ni msaliti aliye ndani ya boma. Safu ya askari, safu ya gazeti: neno ni lile lile moja. Mwandishi aliyeitwa msaliti na wenzake kwa miaka mingi alilichukua tusi akalifanya kichwa cha makala yake.

Katika safu hiyo aliandika juu ya ukabila, haki za wanawake, unafiki wa makanisa na umbumbumbu wa wabunge. Aliamini kwamba chanzo cha neno hufichua chanzo cha wazo, hivyo makala iliyoanza na ufisadi wa Nairobi ingeweza kupitia Ugiriki, Misri ya kale na Sumeri kabla ya kurejea nyumbani, mara nyingine ikiwa imewabeba Wajaluo na jamaa zao Waniloti njiani. Wataalamu wa isimu hawakukubaliana naye kila mara. Wasomaji wa kawaida walilalamika kwamba walihitaji kamusi kando yao. Lakini waliendelea kumsoma.

Siku za Jumamosi alikuwa na safu nyingine, 'Mark My Word', iliyohusu Kiingereza sanifu. Huko aliyaanika makosa ya magazeti, likiwemo lile lililomlipa, sentensi kwa sentensi. Kuna waliocheka kwamba adui wa ubeberu amejifanya askari wa mpaka wa lugha ya Malkia. Yeye aliliona jambo kwa namna nyingine: mwandishi asiyeimudu lugha anayoifanyia kazi hawezi kufikiri sawasawa kwayo, na asiyefikiri sawasawa hutumiwa. Ni hoja ambayo wapenzi wa Kiswahili, waliozoea kuona lugha yao ikivurugwa redioni na magazetini, hawana sababu ya kuicheka.

Mwaka wa 2015 wasifu wake, ulioandikwa na Liz Gitonga-Wanjohi, ulichapishwa kwa jina la safu hiyo ya Jumapili.

Wakati huo sheria ilikuwa imebadilika. Makosa ya uchochezi yaliondolewa katika vitabu vya sheria mwaka wa 1997, na Katiba ya 2010, katika vifungu vya 33 na 34, inalinda uhuru wa kujieleza na kuizuia serikali kumwadhibu mtu kwa maoni yaliyochapishwa. Wa kumtia mwandishi wa safu kizuizini bila kesi hayupo tena.

Ila swali la Ochieng kuhusu mwenye mtambo halikufutwa na katiba. Januari 2016 mhariri wa Nation, Denis Galava, alifutwa kazi baada ya tahariri ya Mwaka Mpya iliyomkosoa Rais Uhuru Kenyatta. Mwaka huo huo mchoraji katuni Gado hakuongezewa mkataba. Machi 2018 waandishi wanane wa safu, wakiwemo Maina Kiai, Rasna Warah na Kasisi Gabriel Dolan, walijiuzulu kwa pamoja kutoka Nation, wakisema uhuru wa wahariri ulikuwa umemomonyoka. Barua yao haikumtaja Ochieng, wala wengi wao hawangependa kuwekwa karibu naye. Lakini walichokieleza kilifanana na kile alichokiandika mwaka wa 1992: hapakuwa na askari mlangoni, palikuwa na mwajiri.

Tofauti ni kwamba wao walikuwa na mahali pengine pa kwenda kuandika, na waliondoka wakisema kwa nini. Mwaka wa 1988 mwandishi aliyeondoka gazetini kwa kulalamika hakuwa na mengi ya kuchagua. Wahome Mutahi, mwenye safu maarufu ya 'Whispers', alikuwa amekamatwa mwaka wa 1986 katika msako dhidi ya Mwakenya na kufungwa. Alipotoka alirudi kwenye kejeli zake, akiandika juu ya baba mlevi na mkewe mkali, na kila msomaji alijua ni nani hasa anayechekwa. Naye pia alifanya kazi chini ya mwenye gazeti wa kigeni. Hakuhitaji kuhamia gazeti la chama ili kuwa mzalendo.

Ochieng alitumia miaka yake ya mwisho nyumbani Awendo, ambako mauti yalimkuta. Salamu za rambirambi zilizotoka Ikulu na kwa waandishi wenzake zilimtaja kama gwiji wa lugha na mwalimu wa wahariri. Kwa wasomaji walio chini ya umri wa miaka 40 hakuna la ajabu katika sifa hizo. Ochieng wanayemjua ni mzee wa Jumamosi aliyesahihisha sarufi. Wazazi wao wana Ochieng mwingine. Gazeti alilolihariri limekwisha kufungwa, na pale lilipokusudiwa kujengewa jumba la ghorofa 60 pangali Uhuru Park.